Mzee wa Video Aliyeogopa Maiti

Watu wengi waliokuja kwenye banda la video la soko la Rodi Kopany miaka ile ya tisini hawakujua kwamba mwenye banda hakutazama sinema zake. Alitazama watazamaji. Maiti akianza kuinuka kaburini, yeye aliipa televisheni mgongo, akakaa juu ya kreti ya soda akitafuna njugu na kuzikagua nyuso zetu. Tukipiga kelele alitabasamu. Tukicheka aligeuka haraka, akachungulia kidogo, kisha akarudi kwenye njugu zake. Mimi nilipakana naye ukuta kwa ukuta kwa miaka kadhaa, na nasema bila kusita kwamba sijaona mtu aliyependa sinema za kutisha kama yeye, wala aliyeziogopa kama yeye.

Cherehani yangu ilikuwa kwenye baraza la duka lililofuatana na banda lake. Mimi ni mtu wa Uriri, kule kwa kuelekea Ogwedhi, upande wa Migori, na kwa kuwa huku mwanamke huitwa kwa jina la kwao, Rodi nzima iliniita Nyar Migori, yaani binti wa Migori. Yeye tulimwita Mzee wa Video. Jina lake la ubatizo lilitajwa kanisani tu, nami sina haja nalo hapa. Ukikutana naye njiani ulimwita Jaduong', kama mzee mwingine yeyote wa heshima, ingawa heshima yake ilikuwa na tundu moja kubwa ambalo kila mtu alilijua.

Tundu lenyewe ni kwamba aliogopa maiti. Sisemi woga wa kawaida, ule wetu sote wa kurudi nyuma kidogo na kujishikashika kitambaa cha kichwa. Huu ulikuwa woga wa miguu. Ndugu yake wa tumbo moja alipofariki, jeneza lilifunguliwa nyumbani ili jamaa wapite mmoja mmoja wamwone, kama ifanywavyo huku, na yeye kama mdogo wa marehemu alipaswa kukaa pale karibu mpaka mazishi. Alifika mlangoni, akauona uso, akageuka. Waliokuwepo husema aliruka ua wa minyaa bila kuugusa. Si kweli, kwa sababu suruali aliniletea mimi. Ilikuwa imepasuka kutoka gotini mpaka kiunoni, na utomvu wa mnyaa umegandia kwenye mshono. Hivyo ndivyo tulivyojuana. Nilimuuliza ni mbwa wa nani, akanijibu bila kuzunguka kwamba hakuna mbwa, amekimbia msiba wa ndugu yake, nishone tu.

Watu wa huku husamehe mengi. Husamehe ulevi, husamehe hata mke wa pili aliyefichwa mjini. Kukimbia msiba wa ndugu hawakusahau. Kwenye vikao vya ukoo walimkalisha karibu na mlango, na hakukosekana mjomba wa kuomba njia iachwe wazi, mgeni wetu asije akaumia akitoka. Yeye alicheka pamoja nao. Lakini mimi aliniambia kwamba kicheko kile kilimuuma, na kwamba aibu ya kumkimbia ndugu yake ilikuwa ndogo mbele ya siku iliyokuwa inamjia. Mkewe alikuwa mgonjwa wa moyo. Daktari wa Homa Bay alishawaeleza bila kuficha. Na mkewe naye alishamweleza bila kuficha, sokoni, mbele ya wateja, huku akipima omena, wale dagaa wa ziwani: "Siku yangu, usinikimbie." Mama yule aliamuru kila kitu maishani mwake, lakini hilo aliliomba, na kwa sauti ya chini.

Basi ukijua hayo, unalielewa banda. Wengine walifungua mabanda ya video kwa ajili ya mpira na sinema za ngumi. Yeye pia alionyesha hizo, maana mtu lazima ale. Lakini Jumamosi alasiri, soko likianza kulegea, ilikuwa zamu ya sinema zake mwenyewe, zile ambazo maiti anaamka, damu inaruka mpaka darini, na bado mtu unashika mbavu kwa kucheka. Ukimuuliza za nini, alikujibu kwamba anafanya mazoezi. Alilisema hilo waziwazi, kama mtu anayekimbia asubuhi kupunguza kitambi.

Kanda alizifuata mwenyewe Kisii na Migori mjini, akarudi nazo kwenye mfuko wa sukari. Hakuamini picha ya jalada. Kila kanda mpya aliiweka kwenye deki asubuhi, banda likiwa tupu, akanigongea ukuta. Mimi ndiye niliyeitazama. Yeye alikaa kwenye kreti yake akisikiliza na kuusoma uso wangu. Sinema ya kutisha tupu, isiyo na mzaha hata wa dawa, aliirudisha alikoitoa. "Hii haina mahali ya kupumulia," alikuwa akisema. Ya kuchekesha tupu nayo aliirudisha, akisema hiyo inakula petroli ya jenereta bure. Alitaka ya katikati, na katikati yake ilikuwa nyembamba kuliko unavyofikiri. Nikicheka kabla sijashtuka, alitikisa kichwa. Nikishtuka kwanza kisha nikacheka, aliniuliza niliposhtuka nilishika nini. Kama nilishika kitu chochote, benchi au mkoba wangu au mkono wake, kanda ilipita.

Nilimuuliza sababu ya ufundi wote huo. Alikuwa na maelezo yake, na kwa kuwa sijasikia bora zaidi tangu hapo, nayaandika. Alisema mtu akitishwa huvuta pumzi akaizuia. Ukimwacha hapo, ataondoka nayo mpaka nyumbani, imkae kifuani, ashindwe hata kula. Lakini ukimtisha na papo hapo ukamchekesha, ile pumzi inatoka yote kwa pamoja na hofu inatoka nayo. Mtu anajikuta bado yuko kwenye benchi, jirani yake yupo, mabati yapo juu, na jua la saa kumi linaingia kwenye matundu ya misumari. Kwa maoni yake, watu walilipia dakika hiyo tu, ya kujikuta bado wapo.

Mimi niliongeza la kwangu, la kifundi. Nilimwambia damu ya sinema zile ni nyingi mno. Nimeshona mashati maisha yangu yote na hakuna shati linaloweza kunywa damu ile. Mtu anakatwa kidole, inatoka damu ya ng'ombe mzima. Kitu cha kutisha ukikizidisha hivyo, jicho linasema hii ni rangi na moyo unasema kimbia, na hao wawili wakianza kugombana ndani yako, huna la kufanya ila kucheka. Aliyapenda sana maneno hayo. Wiki iliyofuata nilimsikia akiwaambia wateja, na hakutaja aliyeyatunga.

Jambo la ajabu zaidi ni kwamba yeye ndiye aliyetutafsiria. Sinema zilikuwa za Kiingereza cha puani au za lugha za mashariki ambazo hakuna aliyezifahamu, yeye akiwa wa kwanza. Na alitafsiri akiwa ameipa skrini mgongo. Alisikiliza milio, akatazama nyuso zetu, akatunga. Maiti wake hawakutaka kula watu, walitaka vitu vyao. Mmoja alikuwa amefufuka kudai jembe alilomwazima jirani. Mwingine alizikwa na soksi za shemeji yake, akakosa usingizi. Alichanganya Kiswahili na Dholuo, na sauti ya maiti aliitoa puani, yenye manung'uniko ya mzee aliyecheleweshewa chai. Akina mama wa soko walijibizana naye. Benchi zima lilimshauri maiti wa jembe aende kwa chifu, na Mzee, kwa sauti ya puani, akajibu kwamba ameshaenda, chifu amemwambia aje na mashahidi walio hai.

Kisa kinachosimuliwa mpaka leo ni cha chumba cha mamamkwe. Kanda ile tuliipitisha asubuhi bila wasiwasi, mimi nikiwa nimefikiria damu peke yake. Bwana mmoja anakimbizwa na mjomba wake aliyekufa, na mjomba anadondosha kiungo kila hatua, sikio hapa, taya pale. Banda lilikuwa linafurahi sana. Wanaume walitazama taya likianguka huku wakiguguna mahindi. Kisha yule bwana akafungua mlango, akajitupa ndani, akajificha chini ya kitanda, na juu ya kitanda amelala mamamkwe wake na gauni la kulalia.

Banda liliharibika. Nadhani waliotengeneza sinema ile walitaka tucheke kwa sababu mama alidhani ni paka aliye chini ya kitanda. Lakini huku mkwe haingii chumba anacholala mamamkwe, na wapo wanaume ambao hata kumpa mkono hawampi. Wale wa mahindi walifunika nyuso kwa kofia. Mmoja wao, ambaye mamamkwe wake halisi alikuwa kwenye benchi la mbele na sote tulijua, alitoka kwa dirisha, kwa sababu njia ya mlangoni ilipita mbele ya yule mama. Na yule mama mwenyewe alisimama, akainyooshea televisheni kidole. "Toka huko," akamwambia yule bwana wa sinema. "Afadhali huyo maiti akukule."

Mzee alizima deki akidhani nyumba inaungua. Hakuwa ameona kitu. Nilipomweleza alicheka mpaka akateleza kutoka kwenye kreti, akakaa chini kabisa kwenye vumbi na koti lake. Jioni alikuja barazani kwangu, akiwa bado anajifuta macho, akasema siku hiyo amejifunza kwamba kuna jambo wanaume wa hapa wanaliogopa kuliko kifo, na habari hiyo imempa nguvu.

Nimelitaja koti. Alilivaa jua likiwaka na mvua ikinyesha, la kijivu, na mimi ndiye niliyebadilisha bitana yake kila ilipochakaa. Alikuwa mtu wa taratibu kali. Kutema mate marufuku, kofia mapajani, na mlevi aliyecheka kabla ya wakati alitolewa nje akatulie. Njugu zake hakumpa mtu, hata mimi, hata siku moja. Lakini wajane waliingia bure, na ili wasione haya aliwaambia benchi lile la pembeni ni bovu, hawezi kumtoza mtu kwa benchi bovu. Benchi lile lilikuwa zima kuliko yote. Na mtu huyu wa damu mpaka darini hakuweza kuchinja kuku. Mgeni akija nyumbani kwake, mkewe alimshika kuku na kisu, na Mzee alikumbuka kwamba kuna kitu amekisahau bandani.

Mchungaji alikuja kulifunga banda. Alikuja Jumamosi, na wazee wawili wa kanisa nyuma yake, akasema watu wanazika kila wiki na hapa maiti wanafanyiwa mchezo. Hakuwa amekosea. Ilikuwa ndiyo miaka ile. Ugonjwa wenyewe hatukuutaja wakati ule, tulisema amekuwa mgonjwa kidogo, na tukaenda kuzika. Kando ya barabara ya kwenda Rongo maseremala waliacha kutengeneza vitanda wakawa wanatengeneza majeneza tu. Magari ya maiti yalipita kila Ijumaa, majani yamefungwa mbele, yakitoka Kisumu na Nairobi na kuteremka kuelekea ziwani. Basi Mchungaji alikuwa na haki ya kusema. Mzee alimwomba jambo moja tu, akae mpaka sinema iishe, kisha aseme anachotaka na banda lote limsikilize.

Mchungaji alikaa. Alikaa wima, Biblia magotini. Ilikuwa ile ya soksi za shemeji. Mkono ulipotoka udongoni nilimwona amezuia pumzi kama sisi wengine, na maiti alipoanza kulalamika kwamba hata saizi yenyewe si yake, Mchungaji alicheka kwa pua, akajaribu kukigeuza kicheko kiwe kikohozi, akashindwa. Sinema ilipoisha alisimama. Alisema anaomba gari la maiti likipita, jenereta lizimwe. Hakusema lingine, akaenda zake.

Mzee alilishika ombi hilo mpaka mwisho. Aliposikia honi zile za msafara alizima jenereta papo hapo, hata kama sinema imefika patamu. Tulisimama wote kwenye giza la banda, kofia mkononi, tukisikia magari yakipita na wanawake wakiimba ndani yake. Yakishaishilia, aliwasha tena. Sikuwahi kumsikia mtu akidai arudishiwe kipande alichokosa.

Mwaka niliomzika mdogo wangu sikuweza kulia. Nilirudi Rodi, nikakaa kwenye cherehani, watu wakaja kunipa pole na mimi nikawajibu vizuri, na ndani kulikuwa kukavu kabisa. Jumamosi nikaingia bandani kwa mazoea. Maiti mmoja akavunjika shingo akiwa anainama kuokota meno yake, nikacheka, na katikati ya kicheko kilio kikatoka, kingi, cha sauti. Benchi langu halikugeuka kunitazama. Mzee aliniona, kwa kuwa yeye ndiye aliyekuwa anatutazama, na aliiongeza sauti ya televisheni mpaka mwisho ili nilie bila kusikika. Nilimpenda yule mzee kwa jambo hilo, na bado nampenda.

Mkewe hakuwahi kuingia bandani. Alikuwa mtu wa Kisegi, wa samaki tangu utotoni, kwa hiyo Nyar Kisegi, mpana, mwenye sauti ya kuvuka soko. Alisema hana haja ya kulipia maiti, wake atamwona bure. Lakini aliyasaidia mazoezi ya mume wake kwa namna yake. Mzee akirudi nyumbani, alimkuta kwenye kiti, macho yamefumba, mdomo wazi, mikono inaning'inia. Akimsogelea, mama alipiga kelele. Mzee aliruka kila mara, na mama alicheka mpaka moyo wake mbovu ukamkanya. Alinisimulia mwenyewe nikimpima nguo, na kucheka tena.

Halafu siku moja Mzee alikuja barazani kwangu mchana, koti limefungwa vibaya. Alimkuta mkewe kwenye kiti vilevile, macho yamefumba. Hakuruka. Alimwendea, akaweka mkono chini ya pua yake, akasubiri pumzi. Mama alipiga kelele yake na yeye hakushtuka, alibaki amesimama na mkono pale pale. Mkewe ndiye aliyeogopa. "Hofu ya video mimi najua," Mzee aliniambia. "Hii ingine, Nyar Migori, hii sijui itanifanya nini." Nilimpa kiti. Hakutoa njugu hata moja mfukoni siku hiyo.

Wakati huo nilikuwa najiandaa kuhamia Migori mjini, nimepata chumba cha duka kule. Nyar Kisegi alikuja kuagiza nguo kabla sijaondoka, na akaniambia wazi kwamba ni nguo ya kuzikwa. Alileta kitambaa cha kijani chenye maua ya njano makubwa, cha kuonekana kutoka ng'ambo ya ziwa. Alitaka vifungo mbele, kutoka shingoni mpaka chini, kwa sababu wa kumvalisha watakuwa wanalia na hataki wahangaike na kichwa chake. Mawifi zake, alisema, watakimbilia sare nyeupe ya akina mama wa kanisa. Sare ile ilimkaba shingo kila Jumapili na hakuona kwa nini aendelee kukabwa mpaka kiama. Nilimshauri amweleze mume wake. Akasema amemweleza mara nyingi, na kila mara mwanaume yule anatia vidole masikioni.

Alifariki alfajiri moja, nyumbani, usingizini, nami nikiwa bado sijahama. Nilipofika jua lilikuwa limeshatoka na wanaume wameanza kukusanyika uani. Mawifi walikuwa chumbani, wameshamwosha. Walikuwa wamemvalisha sare nyeupe. Nikawauliza Mzee yuko wapi, na yule mkubwa wao akanijibu bila kunitazama kwamba wapi kwingine, amekimbia. Uani nako walikuwa wanalisema hilo hilo, na mmoja alishaanza kupanga nani akae karibu na marehemu badala ya mume.

Nilimpata nyuma ya nyumba. Alikuwa na koti lake, na viatu vimefungwa, ameshika nguzo ya ghala la mahindi kwa mikono yote miwili. Uso wake ulikuwa wa majivu. Alipoamka alimwita mkewe na hakujibiwa, akatoka nje kuwaita dada zake. "Nilitoka tu kuita watu," akaniambia. "Kurudi ndio imenishinda." Alisema amejaribu mara nyingi. Akifika kwenye pembe ya nyumba miguu inageuka yenyewe.

Mtu amefanya mazoezi miaka yote ile, na mlango uko pale, na miguu inakataa. Nilimhurumia hadi nikakasirika. Basi nikamwambia kitu pekee nilichokuwa nacho, kwamba dada zake wamemvalisha nyeupe.

"Ile ya kumkaba shingo?"

Nikamwambia ndiyo, ile ile.

Niliona uso ukibadilika, na kilichoingia pale nilikitambua, kwa kuwa nimewaona wanaume wengi wakigombana na dada zao kwa ajili ya mke. Ilikuwa hasira ya nyumbani, ya kila siku. Aliiachia nguzo. Alitangulia yeye, haraka, akazunguka pembe ya nyumba, akawapita wanaume uani bila kusalimu, akaingia.

Kwenye mlango wa chumba alisimama. Nilisikia pumzi ikiingia na haikutoka. Dada yake mkubwa alimwambia hapa si mahali pa mwanaume, angoje sebuleni. Yeye akasema anataka mkewe avalishwe ile nguo ya kijani. Dada akasema akina mama wa kanisa watauliza.

"Kanisa haitavaa hii nguo," akajibu. "Ni huyu atavaa."

Nguo ilikuwa kwenye sanduku chini ya kitanda, nami nikaitoa. Yeye ndiye aliyefungua shingo ya ile sare. Alikosa kifungo mara kadhaa, na alitazama vifungo tu, hakuinua macho kuutazama uso. Mwili ulikuwa bado haujakaza. Dada mkubwa alimwinua mabega, mimi nikashika ya kijani, na Mzee akauchukua mkono wa kulia ili auingize kwenye mkono wa nguo. Ukamwia mzito. Akainama, akapitisha kichwa chini yake ili auinue kwa bega. Dada akachoka, mwili ukaegemea upande wetu, na mkono wa Nyar Kisegi ukateleza, ukamwangukia mumewe shingoni na kumvuta chini, mpaka uso wake ukakaribia kugusa uso wa mkewe.

Tuliganda sote. Wifi mdogo alijiziba mdomo. Mimi niliutazama mlango na nikaona jinsi ulivyo karibu, na nikasogea kando, Mungu anisamehe, nisimzuie. Mzee alikuwa amefumba macho, hapumui, shingo yake imo ndani ya mkono ule. Nilisikia kuku uani. Kisha akafumbua macho, akamtazama mkewe kwa ukaribu ambao hakuna kati yetu aliyemtazama nao, akamtazama sana.

"Nyar Kisegi," akamwambia polepole, "wacha kunishika hivi. Mimi siendi mahali."

Pumzi ikamtoka, na ilitoka ikiwa kicheko. Dada mkubwa akacheka, dada aliyekuwa anasema amekimbia, akacheka huku amemshika marehemu mabega. Nikacheka na mimi. Uani wakanyamaza kutusikiliza, na kwa kweli sijui walituwaza nini. Halafu Mzee akalia, palepale alipoinama, mkono wa mkewe ukiwa bado shingoni mwake, na hakuna kati yetu aliyejaribu kuutoa. Alipomaliza aliuinua mwenyewe kwa vidole vyake, akauingiza kwenye nguo. Vifungo tulivifunga pamoja, tukianzia chini, na cha shingoni alikiacha wazi.